Mtu Aliyeombwa Asije Uwanjani

Kwa miaka thelathini na moja Palmer Ostby ndiye aliyechora mistari ya chokaa kwenye uwanja wa besiboli wa Tolleby, na hakuna mgeni aliyewahi kutuambia kwamba mstari wetu umepinda. Alifika saa tatu kabla ya mechi. Alifunga uzi kwenye msumari nyuma ya kituo cha nyumbani, pale anaposimama mpigaji, akauvuta mpaka nguzo ya mbali, akapiga magoti, akafumba jicho moja, akainuka na kuusogeza upana wa kidole, kisha akapiga magoti tena. Hapo ndipo aliposukuma kigari cha chokaa, taratibu, midomo ameifumba, kama mtu aliyebeba trei ya mayai.

Mkewe, Verna, alikaa ndani ya gari lao kando ya uzio, akifuma soksi, dirisha amelishusha nusu. Huku kwetu magari huegeshwa pua zikielekea uwanjani, na timu yetu ikipata bao watu hupiga honi. Verna alipiga mara mbili kwa kila bao. Sijui kwa nini mbili. Kila alipopiga, Palmer aligeuka kumtazama, ingawa alijua ni yeye.

Walikuwa na binti mmoja, ameolewa katika mji wa Spokane, mbali. Palmer alifanya kazi kiwanda cha siagi mpaka alipostaafu, na baada ya hapo sioni kama alikuwa na mahali pengine pa kukutana na watu isipokuwa kanisani, kwenye mgahawa wa Inga Moen, na uwanjani. Uwanjani hasa. Hakuwa mtu wa maneno mengi, na uwanja humfaa mtu wa namna hiyo: unaweza kukaa na watu mia mbili jioni nzima bila kutakiwa kusema lolote la maana.

Verna alifariki Jumapili ya tarehe 13 Mei mwaka 1973, akazikwa Jumatano. Jioni ya Jumatano hiyohiyo tulikuwa na mechi. Lyle Tvedt, mwenye duka la vifaa vya ujenzi na kocha wa timu, alimfuata Palmer katika chumba cha chini cha kanisa, tulipokuwa tukinywa kahawa baada ya mazishi, akamuuliza kama tuahirishe.

"Chezeni," alisema Palmer. "Verna angeniona mjinga nikiwazuia vijana."

"Na mistari?"

"Achore yeyote. Uzi uko kwenye ndoo."

Aliyechora ni Merle, shemeji yake Lyle, mtu mwema asiye na subira. Uzi hakuuona, au aliuona akaudharau. Mstari wa upande wa kituo cha tatu ulitoka umebonyea kama mgongo wa ng'ombe mzee. Timu yetu, Korongo wa Tolleby, ilikuwa imefungwa mechi zote tatu za mwanzo wa msimu. Jioni hiyo ilishinda tisa kwa moja.

Mimi ni mwalimu wa hesabu, na sababu niliijua. Virgil Aasen, mrusha mpira wetu, alikuwa ameumia bega mwezi wa Machi, na bega lilikuwa limepona. Hakukuwa na siri nyingine. Jumapili iliyofuata Palmer alibaki nyumbani na binti yake, Merle akachora tena, akapinda tena, Virgil akarusha tena, tukashinda tena.

Jumatano binti alikuwa amekwisha kuondoka. Palmer alikuja na glavu za kazi mfukoni. Nilikuwa langoni nikikata tiketi, na Lyle alikuwa pembeni yangu.

"Mzee Palmer! Wewe si uko msibani?"

"Nyumba iko kimya mno. Nimekuja kufanya kazi."

"Merle ameshachora."

Palmer alichungulia juu ya bega la Lyle. "Ule nao ni mstari?"

"Ndio huohuo. Umetupa mechi mbili." Lyle alicheka na kumshika mkono. "Usiniangalie hivyo, bwana. Wewe ndiye uliyetufundisha. Kinachoshinda hakiguswi."

Ni kweli alitufundisha. Sheria hiyo haijaandikwa popote, ila huku wanaizingatia hata watu wasiozingatia amri kumi. Timu ikianza kushinda mfululizo, hakuna anayebadilisha alichokifanya siku ya kwanza. Aliyevaa kofia chakavu ataivaa mpaka mwisho. Aliyekaa nyuma ya nguzo, akaona nusu ya mchezo, ataendelea kuona nusu ya mchezo. Na ambaye hakuwepo, asiwepo. Mwaka 1949, tuliposhinda mechi kumi na moja, Palmer mwenyewe alimrudisha langoni mpwa wake aliyetoka jeshini, kwa kuwa siku ya kwanza kijana alikuwa bado kambini. Kisa hicho kilituchekesha miaka ishirini na minne. Lakini yule mpwa alikuwa na nyumba iliyojaa watu wa kurudi kwao. Hatukuwahi kuifikiria tofauti hiyo.

Palmer alicheka pia. Nilimwona. Aligusa ukingo wa kofia, akageuka, akapita katikati ya magari yaliyokuwa yakiingia.

*

Mwezi wa Juni ulikuwa mzuri kupita kiasi. Tulishinda nyumbani, tukashinda ugenini. Virgil alikula mkate wa dagaa na vitunguu nyuma ya kibanda kabla ya kila mechi, kwa sababu ndicho alichokula tarehe 16 Mei, na hakuna aliyependa kukaa naye gari moja. Vijana hawakufua soksi. Mchungaji, aliyekuwa amechelewa siku ya kwanza akakosa kiti, alisimama mechi zote karibu na choo, na hakulalamika.

Baada ya ushindi wa kumi kamati ilikutana dukani kwa Lyle. Rekodi ya ligi yetu ilikuwa ushindi wa mechi ishirini na nne mfululizo, nayo ilishikiliwa na Brandt, mji jirani, tangu mwaka 1931. Watu wa Brandt wameichora kwenye tangi lao la maji, ili tuione kila tunapopita barabarani.

"Kuna hili suala la Palmer," alisema Lyle. "Juzi nimemwona amesimama nje ya uzio, awamu ya nane ya mchezo. Tukafungwa mabao manne papo hapo."

"Virgil alikuwa amechoka," nilisema.

"Mwalimu, alichoka kabla Palmer hajafika, au baada?"

Watu wakacheka.

"Ni mfiwa huyo, Lyle," alisema Inga Moen. "Nani ataanza kumwambia mfiwa asije?"

"Mtu mwenye heshima yake. Mwalimu huyu hapa."

"Na aseme vizuri," aliongeza Merle. "Mwambie ni ya muda tu. Mwambie tunampenda."

Nilikuwa na nafasi ya kukataa. Nilikuwa katibu wa kamati, sikuwa tarishi wao, na nilijua kwamba jambo lenyewe ni upuuzi. Nilikwenda.

Nilimkuta jikoni akikausha vyombo. Mtu akifiwa huku kwetu, akina mama humletea vyakula vya kuoka, tambi na nyama, viazi na jibini, na chini ya kila chombo kuna utepe wenye jina la mwenyewe. Mfiwa huviosha, kisha wenye vyombo huja kuvichukua, na hapo mtu hukaa kidogo, hunywa kahawa, huuliza usingizi unakujaje. Ziara hiyo ya pili ndiyo rambirambi hasa. Palmer alikuwa amevipanga mezani vyombo kumi na vinne, vinang'aa.

"Kaa, Mwalimu. Kahawa ipo."

"Nimetumwa na kamati, Palmer."

"Ni kuhusu juzi." Aliweka kitambaa chini. "Nilisimama nje. Sikugusa hata uzio."

"Lyle anasema yalikuwa mabao manne."

"Manne?" Aliketi. "Mimi niliona matatu nikaondoka. Nilidhani nimewahi."

Sikutarajia jibu hilo. Nilimuuliza kama anaamini kweli mambo haya.

"Wewe huamini?"

"Hapana."

"Sasa mbona wamekutuma wewe?"

Nilikigeuza chombo kimoja nikasoma jina la chini yake. Yeye akanihurumia, akasema: "Waambie nimeelewa. Ningekuwa Lyle ningesema vilevile." Akamimina vikombe viwili. "Haya, kunywa. Nani alipiga ule mpira wa mwisho? Mimi nilisikia honi tu."

Nilimwambia nina karatasi za mtihani za kusahihisha. Shule ilikuwa imefungwa siku tisa kabla. Palmer alilijua hilo, maana nyumba yake inatazamana na shule, na kutoka mlango wake wa mbele unaonekana mnyororo uliofungwa kwenye geti. Aliinuka akanifungulia mlango, akanishukuru kwa kuja.

*

Sitaki kuwasingizia watu wa Tolleby. Hakuna aliyemchukia. Walimtania, na utani ndio namna yetu ya kumwambia mtu kwamba bado yumo. Lakini utani uleule ukirudiwa kila siku juu ya mtu mmoja huwa ukuta.

"Palmer, leo Jumatano!" walimpigia kelele kwenye mgahawa wa Inga. "Kaa mbali na Virgil hapo, utamvunjia bega!"

"Usimpe mkono, jamani, tutafungwa!"

"Mzee, tukikufungia stoo mpaka Agosti utakula nini?"

"Mkate wa dagaa," alijibu Palmer, wakacheka sana, naye akahamisha kikombe chake meza ya mwisho, karibu na dirisha.

Baadaye aliacha kwenda mgahawani siku za mechi. Mechi zilikuwa Jumatano na Jumapili, mara nyingine Ijumaa pia. Kisha aliacha siku moja kabla ya mechi, kwa kuwa Virgil hunywa kahawa hapo. Ukihesabu, wiki imekwisha. Kanisani alianza kwenda ibada ya kwanza, ya saa moja na nusu asubuhi, wanayokwenda wazee sita na mpiga kinanda. Na vile vyombo, akina mama walimpigia simu: "Palmer, viweke tu barazani, mpenzi, nitapita." Walipita. Walivichukua barazani bila kubisha hodi, wengine injini ya gari ikiwa inaunguruma. Nadhani walikuwa na aibu. Aibu humfanya mtu akimbie palepale anapotakiwa kusimama.

Siku moja ya Julai nilitoka uwanjani katikati ya mchezo kufuata miwani yangu nyumbani, nikakata njia nyuma ya nyumba ya Palmer. Alikuwa ameketi kwenye ngazi ya nyuma, kichwa ameinamisha upande wa uwanja. Mechi zetu hazitangazwi redioni. Honi zililia, nyingi, kwa fujo. Aliinuka, akaenda mpaka kwenye gari la Verna lililokuwa chini ya mti, akaingiza mkono dirishani, akapiga honi mara mbili. Akarudi akaketi. Sikumwita. Nilisubiri nyuma ya ua wa jirani mpaka alipogeuza uso, nikapita.

*

Mechi ya ishirini na tano, ya kuvunja rekodi, ilipangwa Jumapili tarehe 12 Agosti, nyumbani kwetu, dhidi ya Brandt haohao. Mji mzima haukulala vizuri wiki ile. Jumamosi mchana Palmer alibisha mlangoni kwangu. Alikuwa amenyoa na amevaa shati la kanisani.

"Sitakuchelewesha," alisema. "Nina swali moja. Mahindi ya Lyle, nyuma ya uzio wa kulia, sasa yamefika hapa." Aliweka mkono juu ya kichwa chake. "Nikiingia ndani, kama mistari mitatu hivi, hakuna atakayeniona. Sitakuwa uwanjani. Nitakuwa shambani. Hiyo itahesabika?"

Alikuwa na miaka sitini na minane.

"Kwa nini kesho, Palmer?"

"Mwaka 1931 nilichezea uwanja wa kushoto. Brandt walipofika ishirini na nne, walitufunga sisi. Mpigaji wa mwisho nilikuwa mimi. Nilipiga hewa mara tatu, nikatolewa." Alitabasamu kidogo. "Verna alikuwa kwenye majukwaa. Hatukuwa tumeoana. Aliniambia, 'Angalau ulipiga kwa nguvu.' Ningependa kuona mwisho wake, basi."

Jibu la haki lilikuwa moja tu: njoo, ukae mahali pako, na atakayesema neno aseme na mimi. Lilikuwa mdomoni. Lakini niliifikiria sura ya Lyle, nikafikiria Virgil akirusha vibaya awamu ya tisa, ya mwisho, na watu mia nne wakinigeukia mimi. Nilijua kwamba wanaamini uongo, na niliogopa kuhukumiwa kwa uongo huo.

"Ni siku moja tu," nilisema. "Vumilia. Kesho kutwa yote yamekwisha."

"Basi sawa," alisema. "Ni vizuri kuuliza."

Tulishinda tatu kwa mbili. Mpigaji wa mwisho wa Brandt aliinua mpira juu sana, na mdakaji wetu alisimama chini yake kama mtu anayengoja mvua, akaudaka. Honi zililia dakika kumi bila kupumua. Lyle alilia mbele za watu. Inga aligawa soseji bure mpaka zikaisha. Mtu mmoja alipanda juu ya meza, akainua bia, akasema, "Kwa Palmer, aliyetukalia nyumbani!" Watu mia nne wakaitikia jina lake kwa kicheko na mapenzi ya kweli. Kutoka lango la uwanja mpaka mlango wa Palmer ni hatua mia nne na kumi. Nilizihesabu baadaye. Siku ile hakuna aliyezitembea.

Na kesho kutwa mambo hayakwisha. "Bado tunashinda," alisema Lyle. "Ni nani huacha kuvuka mto akiwa katikati?" Tulifika ishirini na saba, kisha tukatolewa ugenini kwenye mtoano, na msimu ukaishia hapo. Lyle aliagiza ubao mkubwa juu ya lango: USHINDI 27 MFULULIZO, KUANZIA TAREHE 16 MEI 1973. Tarehe alinitaka mimi niihakikishe kwenye daftari la klabu. Niliihakikisha. Nilitazama kalenda, nikaona ni sahihi, na sikuona kitu kingine chochote.

Majira ya baridi yalikuwa marefu. Nilimtembelea mara moja, wiki ya Krismasi, nikakaa robo saa. Alinionyesha barua ya binti yake inayomwita Spokane. "Namwambia bado nina kazi hapa," alisema. "Mei si mbali."

*

Mei ilifika. Lyle mwenyewe alikwenda kumchukua, na kwa hilo nampa haki yake. Alisukuma kigari cha chokaa barabarani mpaka mlangoni kwa Palmer, akasema, "Mzee, Merle ameshatuaibisha vya kutosha." Wakaja pamoja. Langoni Palmer alisimama chini ya ubao, akausoma. Aliusoma kwa muda mrefu kuliko maneno yalivyostahili. Halafu akaingia, akafunga uzi, akapiga magoti. Mistari ikatoka kama iliyokatwa kwa kisu. Vijana walikuja mmoja mmoja kumpa mkono, na Virgil akamkumbatia kwa mkono wa bega lake lilelile. Aliketi mahali pake, safu ya pili, upande wa kituo cha tatu. Niliketi safu moja nyuma yake. Nilifurahi, na nadhani nilifurahi kupita kiasi, kama mtu aliyesamehewa kabla hajaomba.

Mpaka awamu ya tatu tulikuwa tumefungwa nne bila. Virgil alikuwa na mwaka mmoja zaidi, na mpira wake ulikuwa na mwaka mmoja zaidi pia. Watu walikaa kimya. Kisha Merle, mtu mwema, mtu asiye na subira, alisimama kule juu akapaza sauti:

"Mzee Palmer! Rudi nyumbani, bwana, utuokoe!"

Jukwaa zima lilicheka. Kilikuwa kicheko kizuri, cha kuondoa uzito. Mimi nilicheka. Palmer naye alicheka, akainua mkono kwa Merle, akachukua mto wake wa kukalia, akashuka ngazi kama mtu anayekwenda kununua kahawa.

Awamu ya tano tulipata mabao matatu. "Mnaona!" mtu akasema, na watu wakajipiga mapaja kwa kicheko. Hapo ndipo nilipotazama safu ya pili. Mahali pake palikuwa patupu.

Nilitoka. Nilimkuta kwenye ngazi ya nyuma, mto magotini.

"Mchezo haujaisha, Mwalimu."

"Walikuwa wanatania, Palmer."

"Najua. Merle hana ubaya. Ningekuwa yeye ningesema hivyohivyo."

"Basi turudi."

"Mmepata mangapi?"

"Matatu."

Aliitikia kwa kichwa, kama daktari anayesikia alichokitarajia.

"Ni bega la Virgil," nilisema. "Mwaka jana lilikuwa zima, mwaka huu limechoka. Hakuna kingine. Haikuwa wewe hata siku moja."

"Najua."

"Unajua?"

"Tangu Julai. Mtu akikaa peke yake mwezi mzima anafikiri vizuri."

"Sasa kwa nini uliendelea kukaa? Kwa nini ulikuja kuniuliza habari ya mahindi?"

Aliutazama ule mto. "Nilitaka mmoja wenu aje aniambie hivyo ulivyosema sasa. Sikutaka kuja kwa nguvu. Nilitaka kuitwa." Akaugeuza magotini. "Na wewe ulikuwa unajua tangu siku ya kwanza. Uliniambia hapo jikoni. Kwa hiyo nilidhani utakuwa wewe."

Hakusema kwa hasira. Afadhali angekasirika.

Nilikaa kwenye ngazi. Alisema, "Mmeiandika langoni siku tuliyomzika Verna. Watu wanapita chini yake wanapiga makofi." Ndipo nilipotambua kwamba kwa mwaka mzima hakuna hata mmoja wetu aliyetaja jina la mke wake mbele yake. Kutaja mazishi kulikuwa kutaja mwanzo wa bahati yetu, na bahati hatukutaka kuigusa. Nilimwambia nimekosa. Nilimwambia kwamba honi ya Verna ndiyo pekee niliyoweza kuitambua kati ya zote. Alifikiri, akasema, "Alikuwa akipiga moja kwa timu, moja kwangu." Tukakaa hivyo mpaka magari yalipoanza kurudi barabarani. Hakuniuliza matokeo.

Wiki ile nilileta hoja kwenye kamati kwamba tarehe ifutwe ubaoni. Nilieleza sababu, na nilieleza sehemu yangu. Lyle aliinamisha kichwa, akaifuta mwenyewe kwa rangi nyeupe, siku hiyohiyo. Alikwenda kumwambia Palmer, Merle akaenda, Inga akaenda na mkate. Aliwapokea wote vizuri na kuwapa kahawa. Hakurudi uwanjani. Oktoba aliuza nyumba, akahamia Spokane.

Watu husema ilikuwa ajali, kwamba hakuna aliyekusudia. Nasema hapana. Watu mia nne walipewa furaha kubwa, na bei yake ilikuwa mtu mmoja kubaki peke yake, wakaona bei hiyo ni ndogo. Wengine waliilipa wakiamini ni lazima. Mimi niliilipa nikijua si lazima, kwa hiyo kosa langu ni kubwa kuliko la Merle, na elimu niliyonayo inaliongeza, hailipunguzi.

Tuliandikiana barua kwa miaka minne, mpaka binti yake aliponiandikia mwenyewe. Barua za Palmer zilikuwa fupi. Alieleza hali ya hewa, mjukuu anayejifunza kinanda, mbwa wa jirani asiyenyamaza. Mara moja aliandika kwamba kuna uwanja karibu na nyumba, watoto hucheza hapo jioni, na kwamba siku zenye upepo husikia kelele zao mezani wakati wa chakula. Alisema amebadilisha kiti, sasa anakaa upande wa pili wa meza, ulio mbali na dirisha.